Matembezi ya jioni ya kuonja vinywaji na vitafunwa: tupeane uzoefu

Binti wa Dodoma (mwanzisha mada)

Wakuu, habari za jioni. Nimerudi wiki hii kutoka Unguja na mama yangu mdogo, na kuna jioni moja hatujaacha kuizungumza. Tulijiunga na matembezi ya kuonja: unatembea kwa miguu Mji Mkongwe na mtu anayeujua, unasimama hapa unakula kidogo, unasimama pale unakunywa kidogo, mpaka usiku unaingia.

Tulikutana Darajani saa kumi na moja, watu saba na kijana wa kututembeza. Alikuwa na kitambulisho kifuani, na mama mdogo akakisoma chote kabla hatujatoa pesa, kwa sababu mapapasi, wale vijana wanaowafuata wageni na kujifanya waongozaji, walishatuzonga bandarini tangu tunashuka botini.

Tukaanza na urojo. Urojo nimeula sana Dar, nikajua naujua. Wa pale ulikuwa na uchachu wa embe na ukwaju, bhajia, kachori, viazi, chipsi za muhogo juu na chatini ya nazi, na muuzaji alimuuliza kila mmoja kiasi cha pilipili kabla ya kumwaga. Tukaambiwa tushirikiane bakuli wawili wawili, safari bado ndefu. Kutoka hapo tukaingia vichochoroni hadi Jaws Corner, wazee wamekaa barazani na kahawa chungu kwenye vikombe vidogo, na kashata pembeni. Mama mdogo alisogezewa nafasi barazani, akamkuta bibi mmoja wa kuzungumza naye, tukakaa pale kuliko ilivyopangwa. Kijana hakutuharakisha.

Kokteli ilikuwa juu ya paa la hoteli moja. Kijana wa kaunta alitupanga mbele ya mchaichai, tangawizi, iliki na mdalasini, akataka tunuse kwanza. Yangu ilikuwa Konyagi, ndimu, tangawizi iliyopondwa na mchaichai. Mama mdogo hanywi pombe. Alitengenezewa ya ukwaju kwa viungo vilevile, katika glasi ileile, na kipande kilekile cha ndimu ukingoni, akapewa wa kwanza. Nimeshatembea naye sehemu nyingi ambako asiyekunywa anasukumiwa soda ya chupa na kusahaulika. Hilo la siku ile lilinigusa sana.

Tulifika Forodhani jua linazama, vijana wanajitupa baharini kutoka ukutani na watu wanawashangilia, moshi wa mishkaki umeshaanza. Tukamalizia na maji ya miwa yaliyokamuliwa pamoja na tangawizi na ndimu. Ushauri wa kijana pale: uliza bei kabla hujachagua, na chagua kile unachokiona kikichomwa mbele yako, si kile kilichopangwa mezani tangu jioni.

Nilichoondoka nacho ni kwamba kila kinywaji nilichokipenda siku ile nilimwona aliyekitengeneza na nikamsikia akikielezea. Haya, nanyi leteni zenu. Mlitembea wapi, mlikunywa nini, aliyewatembeza alikuwaje?

Dada wa Tabata

Umenikumbusha uchungu wangu, dada. Mimi yangu ilikuwa Dar, sitaitaja kampuni. Tuliambiwa kundi dogo na vituo vitano. Tukakuta watu ishirini na sita. Kituo cha kwanza wakatugawia vikali, tena wengi tumetoka kazini moja kwa moja, hatujala kitu. Mpaka tunafika kwenye mishkaki, rafiki yangu alikuwa ameshakaa chini ukingoni mwa barabara, kichwa kinazunguka, na mtembezaji yuko mbele anawapigia wengine picha. Nilimpandisha bajaji tukaenda nyumbani.

Tangu siku hiyo nauliza mambo mawili kabla ya kulipa: mko wangapi, na chakula kinaanza lini. Wakisema chakula kiko mwisho, siendi.

Kaka wa Kilifi

Pole sana dada. Hilo la chakula kwanza ni kweli kabisa.

Huku kwetu Pwani ya Kenya kinywaji chenyewe ni mnazi. Mwaka jana wageni wa dadangu walitaka kokteli za hotelini, nikawaomba wanipe jioni moja tu. Tukamtafuta kijana wa kijijini anayetembeza wageni, akatupeleka kwanza shambani kwa mgema. Tulimkuta anapanda mnazi wa jioni, kisu kiunoni na kibuyu mgongoni. Mgema hupanda asubuhi na jioni, anakata kidogo ncha ya kole la maua kabla halijafunguka, utomvu unadondoka ndani ya chombo alichokifunga. Hakuna anachoongeza. Ule alioutega asubuhi ukauonja mchana bado ni mtamu kama maji ya dafu yaliyotiwa sukari. Ukiulaza, kesho yake unaukunja uso. Nilimsifu kwa kazi yake, akacheka akanikumbusha kuwa mgema akisifiwa tembo hulitia maji.

Kisha tukaenda mangweni, yaani kilabuni pa kunywea mnazi. Unapewa mnazi wako na mrija wenye chujio la nyuzi nchani ili usivute uchafu. Vitafunwa ni samaki wa kukaanga, viazi karai na muhogo wa kuchoma wenye pilipili na ndimu. Mgeni mmoja aliniambia hiyo ndiyo kokteli aliyokuwa akiitafuta, isipokuwa mchanganyaji wake yuko juu ya mti.

Kwa kokteli za glasi, sisi Wakenya tunayo dawa: vodka, ndimu iliyokatwa vipande, sukari, barafu, na kijiti kilichozungushiwa asali. Ilipata umaarufu Carnivore, Nairobi, mkahawa uliofunguliwa 1980, na ni ndugu ya caipirinha ya Brazil. Asali usiikoroge yote mara moja. Ponda ndimu kwa kile kijiti kidogo kidogo, ladha inabadilika unavyoendelea kunywa. Asiyekunywa pombe ataipata dawa ya moto karibu kila mkahawa wa Nairobi: tangawizi, limau na asali.

Mtoto wa Lubumbashi

Jambo kwenu wote. Miye niko Marekani, jimbo la Louisiana, na nimesoma hiyo habari ya dawa nikashtuka, maana New Orleans nayo kokteli yake kubwa ilitoka kwa mwuza dawa.

Tulifanya matembezi ya jioni katika French Quarter, watu kumi, na mama mmoja mzaliwa wa mji. Alitusimamisha mtaa wa Royal akatueleza juu ya Antoine Peychaud, mfamasia aliyekuwa na duka huko katika miaka ya 1800 na kuuza dawa chungu ya matone kwa ajili ya tumbo. Matone hayo yanaitwa bitters hadi leo, na ndiyo yanayoipa Sazerac, kokteli yenyewe niliyoisema, rangi yake nyekundu na harufu. Wiski, sukari, matone ya Peychaud's, glasi iliyosuuzwa kwa kinywaji chenye harufu ya bizari tamu, halafu ganda la limau linakamuliwa juu. Mwaka 2008 bunge la jimbo liliitangaza kokteli rasmi ya mji. Ni kali, naomba msidanganywe na udogo wa glasi. Yule mama alisimama karibu nasi mpaka kila mtu alipopata maji.

Kitu kinachosaidia matembezi huko ni kwamba sheria ya mji inaruhusu kutembea na pombe barabarani, mradi iwe kwenye kikombe cha plastiki. Humalizi haraka haraka ili uwahi kituo kingine. Katika Hotel Monteleone kuna baa ya duara yenye viti 25 inayozunguka polepole kama pembea ya watoto, iko hapo tangu 1949. Tulikosa viti, tukasimama tukiangalia.

Lakini kilichonitoa machozi ni chakula. Walituletea vibakuli vya gumbo, mchuzi mzito wenye bamia. Yule mama akasema jina hilo lilikuja na Waafrika waliouzwa utumwani, kwa lugha za Kibantu za upande wa Angola, ki-ngombo, yaani bamia. Kwetu Kongo, tukisema Kifaransa, bamia ni gombo mpaka leo. Nilimwambia. Akaniomba nilitamke tena mbele ya kundi lote, halafu akanishika mkono. Niko hapa miaka sita, na hiyo ilikuwa mara ya kwanza mtu wa huku kuniuliza neno la kwetu.

Tulimaliza kwa beignet, mikate ya kukaanga ya mraba yenye sukari ya unga juu. Ukipenda mahamri utaipenda, lakini iliki haimo.

Binti wa Dodoma

Kaka wa Lubumbashi, nimemsomea mama mdogo hayo ya gombo. Amenyamaza kwanza, kisha akaniambia nikupe salamu na kukuombea baraka huko uliko.

Mkazi wa Kampala

Kwa ufupi: huku onjeni malwa, pombe ya ulezi. Mnazunguka chungu kimoja, kila mtu na mrija wake mrefu, na mwenye nyumba anaongeza maji ya moto kadiri mnavyokunywa. Usichomoe mrija wa mwenzako wala kuuhamisha. Kabla ya hapo kula rolex, chapati iliyoviringishiwa mayai, kabeji na nyanya. Itakushikilia mpaka usiku.

Mjukuu wa Marangu

Nimesubiri nione kama kuna atakayeitaja mbege, pombe yetu Wachagga ya ndizi na ulezi. Basi ngoja niiseme mimi.

Watalii wengi wanaonjeshwa mbege nusu kikombe mwishoni mwa matembezi ya maporomoko, wanakunja uso, wanapiga picha, wanaondoka. Inaniuma, kwa sababu nimemwona bibi yangu akiipika. Ndizi zinaachwa ziive sana, zinachemshwa masaa mengi, zinapozwa na kuachwa siku kadhaa zichachuke, ndipo zinachujwa. Pembeni kuna ulezi ulioloweshwa ukaota, ukaanikwa, ukasagwa kuwa kimea, unapikwa kama uji. Uchungu unatoka kwenye msesewe, maganda ya mti, na hapo ndipo mkono wa mpishi unajulikana: ukizidisha, hainyweki, ukipunguza, ni uji mtamu tu. Bibi aliuonja msesewe kwa ulimi kabla ya kuupima. Hiyo ni kazi ya karibu wiki nzima, na mgeni anaihukumu kwa funda moja.

Kwa hiyo nikipeleka wageni, naanzia jikoni. Waone ndizi, waushike msesewe, waunuse. Halafu tunakaa. Mbege inakuja kwenye kata, mwenyeji anaonja wa kwanza mbele yenu, kisha kata inazunguka. Ulezi unaelea juu, unaitikisa kata taratibu kabla ya kunywa. Tunakula ndizi za kuchoma na nyama ya mbuzi, polepole. Sijapata mgeni aliyekunja uso tangu nilipoanza kupanga hivyo.

Binti wa Dodoma

Dada wa Marangu, umenishawishi. Tunafikiria Desemba, mimi na mama mdogo. Ila yeye, kama nilivyosema, pombe hagusi. Atakaa tu anatuangalia?

Mjukuu wa Marangu

Hapana jamani, mama hakai mkavu nyumbani kwetu. Desemba ndiyo yenyewe, Wachagga wote tumepanda nyumbani. Kuna jirani yetu anapika togwa ya ulezi, tamu, haina kileo, naye atanyweshwa kwa kata kama sisi. Nipe taarifa wiki moja kabla, maana kimea hakiharakishwi.