Tumeshindwa Mahakama ya Rufani, kaka anataka kuuza ng'ombe tuombe mapitio ya hukumu. Naombeni ushauri

Mjukuu wa Shamba: Shikamooni wakubwa, na wengine habari zenu. Kesi ya shamba la marehemu baba imetutesa miaka 11, kuanzia baraza la ardhi na nyumba la wilaya, Mahakama Kuu, hadi Mahakama ya Rufani. Tumeshindwa. Leo ni siku ya 47 tangu hukumu isomwe. Kaka kasikia mahakama inaweza kuipitia upya hukumu yake yenyewe, na Jumamosi anapeleka ng'ombe wanne mnadani alipe wakili.

Tuna hoja mbili. Majaji wamemwamini mwenyekiti wa zamani wa kitongoji kuliko mama yetu. Halafu wiki iliyopita dada kafungua sanduku la bibi, kakuta karatasi ya mauziano ya 1986 imekunjwa ndani ya kanga, ina dole gumba la muuzaji. Tuliitafuta miaka yote. Tufanyeje?

Binti Sheria: Pole sana ndugu yangu. Kuomba mnaweza. Ila Kanuni ya 66 ya Kanuni za Mahakama ya Rufani za 2009 ina sababu tano tu: kosa la dhahiri kwenye kumbukumbu za kesi lililosababisha mtu kukosa haki, kunyimwa nafasi ya kusikilizwa, hukumu kuwa batili, mahakama kukosa mamlaka, au hukumu kupatikana isivyo halali, kwa ulaghai au kwa ushahidi wa uongo. Ushahidi mpya haumo. Mahakama Kuu kwenye kesi za madai ushahidi mpya unaweza kufungua mapitio, na hapo ndipo wengi wanapochanganya. Karatasi ya bibi inaniuma, lakini kwa ngazi mliyofika imechelewa.

Mzee wa Mnadani: Mkuu, mjomba wangu alipita njia hiyohiyo. Alidhani atapata majaji wengine. Akakuta ni walewale watatu, maana kanuni inataka inapowezekana wakae waliotoa hukumu. Aliongea nusu saa kuhusu mashahidi, wakamwambia hiyo ni rufaa anaipitisha mlango wa uani. Akatoka na gharama juu.

Kijana wa Pwani: Msimkatishe tamaa. Babu Seya, yule mwanamuziki aliyefungwa maisha, si alitoka?

Binti Sheria: Alitoka kwa msamaha wa Rais, 9 Desemba 2017. Maombi yake ya mapitio yalikuwa yameshakataliwa 2013. Tafadhali tusimpe mwenzetu tumaini lisilokuwepo, hao ng'ombe ndio akiba ya familia.

Mjukuu, usichoke nami. Kosa la dhahiri ni lile ambalo ukifungua jalada unalinyooshea kidole bila kubishana. Mahakama ilisema hivyo kwenye kesi ya Chandrakant Patel dhidi ya Jamhuri, 2004: likihitaji hoja ndefu ndipo lionekane, au watu wawili wenye akili wakiweza kutofautiana juu yake, si kosa la dhahiri. Hukumu ikisema "hakuna kielelezo kilichopokelewa" wakati kwenye mwenendo wa kesi kielelezo kipo na mhuri wake, hapo tuongee. Majaji kumwamini shahidi yule na si huyu, hapana. Kesi lazima ifike mwisho, la sivyo hata ungeshinda wewe, jirani angekurudisha mahakamani kila mwaka.

Na siku 60 zinahesabiwa tangu hukumu ilipotolewa, si tangu mlipopewa nakala. Zimebaki 13. Nisaidie jambo moja: soma hukumu yenyewe, utafute walipoandika kuhusu ushahidi wa mama. Wameuruka?

Mjukuu wa Shamba: Nimeisoma mara mbili usiku huu, mama kashika taa. Hawakuuruka. Ukurasa wa 9 hadi wa 11 wanamtaja kwa jina, wanaeleza kwamba mipaka aliyoitaja barazani haikulingana na ile iliyoonekana siku walipotembelea shamba.

Binti Sheria: Basi wameuona, wakaupima, hawakuukubali. Kwenye Kanuni ya 66 sioni pa kuingilia. Kama mnataka uhakika, mlipeni wakili mmoja ada ya ushauri tu, asome jalada lote ndani ya hizo siku 13, kabla hamjafungua chochote. Ombi likishaamuliwa, hakuna kuomba mapitio ya mapitio.

Mjukuu wa Shamba: Asante sana dada. Mama amesikia yote, amenyamaza tu, kaikunja karatasi kairudisha kwenye kanga. Nampigia kaka sasa hivi, ng'ombe wasitoke zizini.