Mwiga sauti za viongozi: msanii au kasuku?

MLETA MADA (Area C): Mbukwenyi wakuu. Juzi nilikuwa kwenye sendofu hapa mjini Dodoma. Katikati ya ratiba MC akabadilika, akatoa sauti ya Mwalimu Nyerere, na kile kicheko chake. Ukumbi ukalipuka. Jirani yangu, kijana wa chuo aliyezaliwa 2003, anacheka hadi machozi. Nikamwuliza umewahi kusikiliza hotuba gani ya Mwalimu? Hata moja. Mwalimu alifariki Oktoba 14, 1999. Kijana kamjulia kwa waigaji. Nikajiuliza, MC anamwiga Mwalimu, au anamwiga mchekeshaji Steve Nyerere? Maana huyo, jina lake halisi Steven Mengele, aliifanya sauti ile mtaji mpaka jina la mzee likamganda. Kwangu mimi kuiga sauti ni mlango wa kuingilia kwenye uigizaji. Ukikaa mlangoni maisha yote, mwigizaji hujawa. Mchekeshaji King Majuto hakuazima sauti ya mtu. Mwenzake Joti naye wale wahusika wake wa kibibi kawatunga mwenyewe.

WA NKUHUNGU: Mkuu, unamwonea. Jaribu wewe uone! Kuna pumzi, kuna neno linalovutwa, kuna pale mtu anaponyamaza kabla ya kuuma. Na kasuku hatungi. Huyo MC Mwalimu wake alisema nini?

MLETA MADA: Aliwakaripia kamati kwa kuchelewesha wali.

WA NKUHUNGU: Sasa hayo aliyakariri wapi?

WA MAKOLE: Mimi kinachoniudhi ni uoga. Kenya, kundi la wachekeshaji la Redykyulass lilimwiga Rais Moi akiwa bado Ikulu. Mmoja wao, John Kiarie, baadaye akawa mbunge. Sisi tunaiga waliolala.

WA MAJENGO: Uoga una sababu, dada. 2019 mchekeshaji Idris Sultan alibadilishana sura na Rais Magufuli kwenye picha, siku ya kuzaliwa ya Rais. Picha tu, hata sauti hakuiga. Akaishia polisi. Na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 ina kifungu cha kujifanya mtu mwingine. MC mwenye mke na watoto umtume kwa aliye madarakani?

WA CHAMWINO: Mnabishania marais. Mimi Mgogo. Mchekeshaji akiishiwa, anakimbilia lafudhi yetu, na mhusika lazima awe ombaomba. Rais ana polisi. Sisi tumshitaki kwa nani?

MLETA MADA: Chamwino, hapo umenishika pabaya. MC yule yule alimalizia na Mgogo, na nilicheka. Lakini sasa nikikumbuka: Mwalimu Nyerere, MC alimsikiliza mpaka pumzi. Nkuhungu, ule wali ulikuwa utunzi, nimekubali. Ila yule Mgogo wake! Nimekulia hapa, sijawahi kukutana na mtu anayeongea vile. Hapo ndipo alipokuwa kasuku, kakariri kwa wachekeshaji wenzake.

WA NKUHUNGU: Basi mpelekeni mnada wa mifugo Msalato, akae kutwa kati ya Wagogo bila kufungua mdomo.

WA CHAMWINO: Na mbuzi anunue, asije akasikiliza bure.