Mjadala: Fidia ya majeruhi wa ajali ipangwe na jedwali au na hakimu?

Mwanzilishi wa mada

Wadau, tuzungumze bila kurushiana maneno. Ajali za barabarani zinaua zaidi ya watu 4,000 kila mwaka hapa Kenya, na nyuma yao kuna kundi kubwa la waliobaki na magongo. Akishafika kortini, nani aseme mguu wake unalipwa kiasi gani?

Kwa sasa ni hakimu. Anasoma ripoti ya daktari, anatafuta kesi za nyuma zenye majeraha yanayokaribiana, anaongeza kidogo kwa kuwa shilingi imeshuka thamani, kisha anaandika kiasi. Hiyo ni ya maumivu. Gharama za matibabu ni habari nyingine: utaje tarakimu kwenye hati ya madai na utoe risiti. Huna risiti, husikilizwi.

Mwaka 2013 Bunge lilirekebisha sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, likaweka jedwali linalopanga malipo ya kila jeraha kwa asilimia. Chama cha Mawakili kikaenda kortini, na mwaka 2016 Mahakama Kuu ikaliangusha kwa hoja kwamba linamfunga hakimu mikono. Naunga mkono uamuzi ule. Kidole kile kile kwa fundi cherehani ni riziki, kwa mwalimu ni usumbufu.

Wakili wa mashinani

Kwenye karatasi ni sawa. Lakini njoo uone tunavyofanya kazi. Mimi wa mlalamikaji nabeba kesi tano zilizolipa vizuri, mwenzangu wa bima anabeba tano zilizolipa kidogo, na mvunjiko ni ule ule wa paja. Hakimu anatua mahali fulani katikati. Ukikata rufaa, Mahakama Kuu haigusi kiasi hicho ila kiwe kidogo au kikubwa kupita kiasi, au kanuni iwe imekosewa. Kwa hiyo mteja wangu anategemea bahati zaidi kuliko nyinyi mnavyodhani.

Niko upande wa bima, mnipige mawe

Mahakama ya Rufani ilishaonya tangu miaka ya 1980 kwamba fidia isivuke uwezo wa uchumi wetu, kwa sababu pesa hizo hurudi kwa mwananchi kupitia ada ya bima, na ada ya matatu hurudi kwenye nauli. Mmesahau kampuni za bima za United mwaka 2005 na Blue Shield mwaka 2011? Kampuni zilizokuwa zikikatia matatu bima ziliwekwa chini ya usimamizi wa kisheria, na watu wakabaki na hukumu mkononi. Mfuko wa kufidia wenye bima, unaolipa kampuni ikianguka, una ukomo wa Sh250,000 kwa mdai. Hukumu ya milioni mbili itakusaidia nini hapo?

Na tusifichane. Matatu ya abiria 14 inapinduka, madai yanakuja ya watu 20. Mabroka wanaotafutia mawakili wateja wanafika wodini kabla ya jamaa wa mgonjwa.

Mwenye matatu mbili

Mnasahau mtu mmoja hapa: mimi. Bima inalipa mwisho milioni 3 kwa mdai mmoja. Korti ikitoa milioni 5, hizo mbili dalali wa korti anakuja kuzitafuta kwangu. Lile jedwali lilianguka, ukomo ukabaki. Basi hakimu yuko huru kwa pesa zangu, si za bima.

Mwanzilishi wa mada

Ndugu wa bima, madai bandia ni kazi ya polisi na wapelelezi wenu. Jina la uongo likishaingia kwenye abstrakti, ile hati ya polisi ya ajali, jedwali litamlipa mwongo sawasawa na hakimu, tena haraka zaidi.

Mwenye matatu, hoja yako imeniingia, sina jibu lake la haraka.

Lakini naona sote tunabishana kuhusu bei ya maumivu, na dhuluma kubwa iko kwenye mapato. Karani akikatwa mguu analeta payslip, hesabu inakwenda: mshahara mara miezi 12 mara miaka ya kazi ambayo hakimu anakadiria ilibaki. Mama mboga aliyekuwa akisomesha watoto wanne kwa kibanda chake anaambiwa hakuthibitisha kipato, anapewa kima cha chini cha mshahara, mara nyingine cha mfanyakazi asiye na ujuzi.

Na sheria haikumtaka ateseke hivyo. Mwaka 2005, katika kesi ya Jacob Ayiga Maruja, Mahakama ya Rufani ilisema wazi kwamba hati si njia pekee ya kuthibitisha kipato, maana Wakenya wengi hawaweki vitabu vya hesabu. Marehemu wa kesi ile alikuwa seremala. Baadhi ya mahakimu wanaifuata, wengine bado wanasaka stakabadhi kama wakaguzi wa kodi.

Wakili wa mashinani

Hapo nakuunga mkono, na lawama nusu ni yetu. Mawakili wengi hawamwiti hata muuzaji wa jumla aliyekuwa akimpa yule mama mzigo kila alfajiri. Tunapeleka daktari, polisi na mlalamikaji, basi. Siku hizi taarifa ya M-Pesa ya mwaka mzima inapatikana, na kitabu cha chama chake cha akiba kinaonyesha alikuwa akiweka akiba kiasi gani. Waleteni mashahidi hao, halafu tuone hakimu atakimbilia wapi na kima chake cha chini.

Niko upande wa bima, mnipige mawe

Mkileta M-Pesa, tutauliza mtaji ulikuwa kiasi gani na faida kiasi gani. Pesa iliyopita kwenye simu si mapato yote.

Wakili wa mashinani

Ulizeni. Ndiyo maana namtaka yule wa jumla kizimbani.