Ibara ya VIII ya IMF: je, nchi iliyoikubali inalazimika pia kufungua akaunti ya mtaji?

Mwanasemina

Ndugu zangu, habari za jioni. Ninaandaa mada ya semina kuhusu mifumo ya fedha ya kimataifa na nimekwama mahali pamoja. Tanzania ilikubali masharti ya Ibara ya VIII ya Mkataba wa Shirika la Fedha la Kimataifa (IMF) mwaka 1996, Kenya na Uganda zikiwa zimetangulia mwaka 1994. Kenya ilifuta sheria yake ya udhibiti wa fedha za kigeni mwishoni mwa 1995, na Uganda ikaondoa vizuizi vya akaunti ya mtaji, yaani vya fedha za uwekezaji na mikopo zinazovuka mpaka, mwaka 1997. Tanzania, kwa upande wake, iliendelea kwa miaka mingi kumzuia mgeni asinunue hati fungani za serikali, na ilipolegeza mwaka 2014 ilianza na wakazi wa nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki peke yao.

Mwenzangu mmoja anashikilia kwamba kuchelewa huko ni kuvunja ahadi ya 1996, na kwamba ni mabaki ya fikra za enzi ya ujamaa. Je, madai hayo yana msingi wowote katika mkataba wenyewe? Na je, ipo nchi iliyofungua mapema ikajuta, au iliyofunga ikanufaika?

Mzee wa Hazina

Ndugu Mwanasemina, msingi katika mkataba haupo. Ibara ya VIII inahusu malipo ya kawaida: kulipia bidhaa na huduma kutoka nje, kulipa riba, kupeleka gawio, kumtumia ndugu fedha za matumizi. Nchi iliyoikubali haiwezi kumzuia mfanyabiashara kupata dola za kulipia shehena yake bila idhini ya Shirika. Uhamishaji wa mtaji, yaani mtu kununua hati fungani, hisa au nyumba katika nchi nyingine, au kukopa na kukopesha kuvuka mpaka, unashughulikiwa na Ibara ya VI, na kifungu chake cha tatu kinampa kila mwanachama haki ya kuudhibiti, mradi tu udhibiti huo usikwamishe malipo ya kawaida.

Hilo halikuwekwa kwa bahati. Wajumbe wa nchi 44 waliokutana Bretton Woods, Marekani, Julai 1944 kuuandika mkataba huo walikuwa wameshuhudia katika miaka ya 1930 jinsi mtaji ulivyokimbia kutoka mji mkuu mmoja hadi mwingine na kuangusha sarafu moja baada ya nyingine. Walitaka sarafu zifungwe kwa dola, yaani kila moja iwe na kiwango maalumu cha kubadilishwa kwa dola, na dola ifungwe kwa dhahabu kwa bei ya dola 35 kwa aunsi. Wakati huohuo walitaka kila serikali ibaki na uhuru wa kupanga riba yake ili ipambane na ukosefu wa ajira. Mambo hayo mawili hayawezekani pamoja ikiwa mtaji nao uko huru kwenda utakako, kwa sababu serikali ikishusha riba, wenye fedha huzihamishia kwenye riba kubwa zaidi, na benki kuu hulazimika ama kuipandisha riba tena ama kuiacha sarafu ishuke. Keynes, mchumi wa Uingereza, akiueleza mpango huo mbele ya Baraza la Malodi la nchi yake mwezi Mei 1944, alisisitiza kwamba haki ya kudhibiti mtaji ilikusudiwa kuwa ya kudumu, wala si ya kipindi cha mpito peke yake.

Uingereza yenyewe, ambayo sidhani kama mwenzako ataiita nchi ya kijamaa, ilikubali Ibara ya VIII mwaka 1961, lakini udhibiti wake wa mtaji haukuondolewa wote hadi Oktoba 1979. Miaka kumi na minane ilipita katikati, na hakuna aliyesema imevunja ahadi.

Mkaazi wa Nakuru

Mzee wetu, kuhusu sheria nakubaliana nawe kikamilifu. Ninachohofia ni msomaji kuondoka hapa akidhani kwamba udhibiti ni ngao isiyo na gharama. Sisi Kenya tuliishi chini ya udhibiti huo, na aliyeumia zaidi alikuwa mfanyabiashara mdogo asiye na jamaa katika ofisi ya vibali. Mwenye nguvu alikuwa na njia zake: aliandika ankara ya bidhaa kutoka nje kwa bei iliyozidi thamani halisi, na ziada ikabaki katika akaunti yake ng'ambo. Hata kashfa ya Goldenberg ilizaliwa katika mazingira hayo ya uhaba wa fedha za kigeni, pale serikali ilipowalipa fidia watu waliodai kuuza nje dhahabu na almasi ambazo hazikuwapo.

Ni kweli pia kwamba mwaka 1993, tulipokuwa tunafungua milango, mfumuko wa bei ulifika karibu asilimia 46 na shilingi ikaporomoka. Lakini ufunguzi haukuwa chanzo. Fedha nyingi mno zilikuwa zimemwagwa wakati wa uchaguzi wa 1992, na wafadhili walikuwa wamesimamisha misaada. Soko huria lilitangaza tu bei ambayo udhibiti ulikuwa unaificha.

Msomaji wa Mizania

Swali la pili la Mwanasemina halijajibiwa, na mfano unaostahili kusomwa kwa makini ni Thailand. Mwaka 1993 serikali ya nchi hiyo ilianzisha mjini Bangkok utaratibu maalumu wa kibenki ulioziwezesha benki kukopa fedha za kigeni nje na kuzikopesha ndani. Baht, sarafu ya Thailand, ilikuwa imeshikiliwa karibu na 25 kwa dola moja kwa miaka mingi, kwa hiyo kampuni ziliona ni upumbavu kukopa kwa riba ya nyumbani wakati riba ya dola ilikuwa chini na kiwango cha ubadilishaji hakibadiliki. Mikopo mingi ilikuwa ya muda mfupi, nayo ikaingizwa katika majengo ya ofisi na makazi ambayo yangehitaji miaka mingi kurudisha gharama. Naomba tulitazame hilo vizuri: Thailand haikuanza kwa kumkaribisha mwekezaji wa kiwanda, ilianza kwa kuufungulia mkopo wa miezi michache, nao ndio mtaji wa kwanza kukimbia, na usimamizi wa benki na kampuni za fedha ulikuwa bado dhaifu.

Mauzo ya nje yalipodorora mwaka 1996, wafanyabiashara wa sarafu walianza kuishambulia baht. Benki Kuu iliitetea kwa kuahidi dola katika mikataba ya siku za mbele, hivyo akiba iliyotangazwa ilionekana kubwa huku sehemu kubwa yake ikiwa imeshaahidiwa watu. Tarehe 2 Julai 1997 baht iliachiwa, na kufikia Januari 1998 dola moja ilinunuliwa kwa zaidi ya baht 50. Kampuni iliyokopa dola iliamka ikikuta deni lake limekuwa maradufu kwa fedha ya nyumbani. Desemba hiyo ya 1997 serikali ilizifunga kampuni za fedha 56.

Malaysia ilichukua njia nyingine: Septemba 1998 ilifunga utokaji wa mtaji wa muda mfupi na kuifunga sarafu yake, ringgit, kwa 3.80 kwa dola, ikaishikilia hapo hadi Julai 2005. Iliinuka, lakini Thailand na Korea Kusini zilizofuata masharti ya mkopo wa Shirika ziliinuka pia katika kipindi kilekile, ndiyo maana wachumi bado wanabishana kuhusu kiasi cha sifa ambacho udhibiti ule unastahili. Ningekuwa wewe, ndugu Mwanasemina, nisingeutumia mfano wa Malaysia kama ushahidi wa mwisho kwa upande wowote.

Mwanasemina

Nawashukuru sana wote. Jambo moja tu limebaki: je, Shirika lenyewe liliwahi kutaka kuibadili Ibara ya VI?

Mzee wa Hazina

Liliwahi, na wakati liliouchagua unashangaza. Mkutano wa mwaka uliofanyika Hong Kong Septemba 1997 ndio uliounga mkono kurekebisha mkataba ili ufunguzi wa akaunti ya mtaji uwe miongoni mwa malengo ya Shirika, miezi miwili na ushei baada ya baht kuanguka. Msukosuko ulipoenea Indonesia na Korea Kusini, pendekezo hilo lilififia. Mwaka 2012 Shirika lilitoa msimamo mpya unaokiri kwamba ufunguzi una manufaa na hatari zake, na kwamba katika mazingira fulani udhibiti wa mtaji unaweza kufaa.

Hata hivyo usimnyang'anye mwenzako hoja yote. Ikiwa ipo ahadi ambayo Tanzania inaweza kudaiwa, aitafute katika Itifaki ya Soko la Pamoja la Afrika Mashariki, iliyoanza kutumika Julai 2010, ambayo inazitaka nchi wanachama kuondoa vizuizi vya mtaji baina yao kwa awamu hadi mwaka 2015. Hatua ya 2014 uliyoitaja inaeleweka vizuri zaidi ukiisoma pamoja na itifaki hiyo, na vilevile pamoja na ile ya Umoja wa Fedha iliyotiwa saini Kampala Novemba 2013, iliyolenga sarafu moja kufikia 2024, lengo ambalo limepita bila kufikiwa. Nchi zinazokusudia kutumia sarafu moja haziwezi kuendelea kuzuiliana mtaji; na siku zikiungana, kila moja itaacha mamlaka ya kupanga riba yake yenyewe. Sura hiyo ya semina yako ningeipa nafasi kubwa kuliko suala la 1996.