Vichekesho na masumbwi ya filamu za kimya za kwanza: yalipangwaje?

Mdau_Shangani: Wakuu, vijana wa hapa Shangani, Mtwara, wanataka kurekodi kwa simu filamu mbili za kimya kwa mtindo wa miaka ya 1890: mtunza bustani na mpira wa maji, kisha pambano la masumbwi. Mbona zile za zamani zote ni fupi na kila kitu kinatokea katikati tu?

Fundi_Lindi: Chanzo ni mkanda, mkuu. Mkanda wa milimita 35 hubeba picha 16 kwa futi. Futi 50 ni picha 800. Kwa kasi ya picha 40 kwa sekunde, sekunde 20 zimekwisha! Mabondia Leonard na Cushing walipopigana mwaka 1894 ndani ya Black Maria, studio ya mvumbuzi Edison kule New Jersey, Marekani, ilibidi watumie futi 150, na bado raundi zilifupishwa hadi kama dakika moja. Mabondia walikaa wakisubiri mkanda ubadilishwe. Kamera nayo haikugeuka kuwafuata, hivyo ulingo ulikuwa finyu. Nanyi choreni mipaka mchangani kwanza, simu ikiwa juu ya stendi. Anayetoka nje ya mstari hayupo kwenye filamu.

Mikindani_Picha: Kwenye filamu ya bustani ya ndugu wa Lumière, Wafaransa, ya 1895, kijana anakanyaga mpira wa maji, kisha anauachia maji yamrukie mtunza bustani usoni. Mtazameni mtunza bustani: anamkamata kijana pembeni, kisha anamburuta hadi mbele ya kamera ndipo amwadhibu. Huo ndio ufundi wenyewe, maana adhabu ya nje ya picha haichekeshi mtu. Msiache hatua hiyo.

Tatizo lenu litakuwa mchanga. Ukikanyaga mpira wa maji juu ya mchanga laini, unazama tu na maji yanaendelea kutoka. Fukieni kipande cha ubao chini yake, au ukunjeni kabla ya kuukanyaga. Presha ikiwa ndogo, maji hayafiki usoni; jaribuni mapema. Rekodini saa 2 au 3 asubuhi, jua likiwa mgongoni mwa mpiga picha. Saa 6 mchana kofia zitaficha nyuso.

Mdau_Shangani: Shukrani sana. Tuharakishe picha ili zionekane za kale?

Fundi_Lindi: Hapana. Kamera ya Lumière ilizungushwa kwa mkono, kama picha 16 kwa sekunde. Ukiuonyesha mkanda huo kwa picha 24, mwendo unaongezeka mara moja na nusu, na filamu ya sekunde 48 inabaki ya sekunde 32. Haraka hiyo ni kosa la uonyeshaji. Waigizaji wacheze kwa mwendo wa kawaida.