Nyumba ya mawe iwe makumbusho ya sanaa: kuta zinatoa chumvi

Swali: Wakuu, nyumba ya mawe ya matumbawe, Mji Mkongwe Unguja. Plasta ya saruji inabanduka, chumvi inachomoza. Picha tutazitundikaje?

Jibu: Saruji ndiyo mkosaji. Inafungia unyevu ukutani, chumvi inasukuma plasta. Bandueni yote, pigeni chokaa iliyolowekwa na mchanga usio wa pwani, chokaa 1 kwa mchanga 3, tabaka nyembamba nyembamba. Rangi ya mafuta marufuku, pakeni chokaa.

Jibu: Picha zisiguse ukuta. Pigilieni fito, muache sentimita 3 hewa ipite. Michoro ya karatasi mwanga usizidi laksi 50 (laksi ni kipimo cha mwanga). Picha za rangi ya mafuta, 200.

Jibu: Boriti za mikoko huozea kwenye ncha zilizoingia ukutani, zichokoeni kwa bisibisi muone kama zimeoza. Sanamu nzito zibaki ghorofa ya chini. Na kibali kwanza jamani, mji ule ni Urithi wa Dunia tangu 2000.