MJADALA: Doge wa Venice alibanwa kila upande. Je, tuige?

Wakuu, kila tukigusa madaraka ya rais, hakosekani wa kusema tuige Venice. Kwamba jamhuri ile ya wafanyabiashara wa baharini ilidumu hadi 1797 kwa sababu mtawala wake, Doge, alichaguliwa kwa maisha yake yote lakini hakuachiwa apumue. Barua ya serikali ya kigeni hafungui bila washauri wake kuwepo. Nje ya mji hatoki bila ruhusa. Akifa, mwenendo wake unakaguliwa, na kosa likionekana warithi wanalipa. Hata kumchagua, kuanzia 1268, kura na bahati nasibu zilipishana raundi kwa raundi hadi wabaki wapiga kura 41. Kuhonga hapo ilikuwa kazi kwelikweli.

Hayo yote naunga mkono. Swali langu ni nani aliishika kamba iliyomfunga Doge.

Tazameni kisa cha Francesco Foscari, aliyechaguliwa 1423. Mwanawe Jacopo alishtakiwa mbele ya Baraza la Kumi, chombo cha wakubwa kilicholinda usalama wa dola, kwa kupokea zawadi, baadaye kwa mauaji, akateswa, akafia uhamishoni Crete mwaka 1457. Mtasema sheria haijui mtoto wa mkubwa. Sawa. Lakini Oktoba mwaka huohuo Baraza lilelile likamng'oa mzee mwenyewe, amepita miaka 80, na pete yake ya cheo ikavunjwa. Siku chache baadaye akafariki. Ndipo wakataka kumzika kwa heshima za Doge! Mjane wake, Marina Nani, alipinga, hawakumsikiliza.

Baraza hilo liliamua mambo kwa siri, na wajumbe wake walitoka koo zilezile zilizojifungia Baraza Kuu, yaani bunge la wakubwa, tangu 1297. Mvuvi wa Venice hakuwa na kura.

MCHANGIAJI: Mkuu, na Marino Faliero je? Alikuwa Doge, akala njama awapindue wakubwa wenzake atawale peke yake. Alikatwa kichwa Aprili 1355, na hadi leo mahali pa picha yake kwenye ukumbi wa Baraza Kuu pamechorwa kitambaa cheusi. Bila Baraza la Kumi nani angemzuia?

MLETA MADA: Faliero alistahili kuzuiwa, hilo sibishi. Ila angalia na walioingia naye kwenye njama: baadhi walikuwa watu wa bahari wasio na kiti barazani. Na Foscari hakula njama yoyote. Nieleze basi, yeye angekata rufaa kwa nani?